Ganda la Kidole Gumba

Kwa miaka thelathini na mmoja Maganda alilipwa mshahara kwa kumenya viumbe wa Mungu. Usicheke, kazi yenyewe ndiyo hiyo. Alikuwa fundi wa maabara katika shule ya sekondari ya wavulana, na kila muhula walimu wa biolojia walipotaka kuwaonyesha wanafunzi ngozi ya juu ya jani, ya kitunguu au ya chura, hawakujisumbua. Walimwita yeye. Wanafunzi wakampa jina la Maganda, jina likanata, na mkuu wa shule alipotaka kumwandikia barua rasmi ilibidi aulize kwanza mzee huyu anaitwa nani hasa.

Alikuwa na njia yake. Anachukua jani bichi, analigeuza, anapaka upande wa chini rangi ya kucha, ile isiyo na rangi. Anangoja ikauke. Kisha kwa koleo dogo ananyanyua ukingo taratibu, na utando unatoka mzima, mwepesi kuliko bawa la kumbikumbi, umebeba sura yote ya ngozi ya jani. Chupa mbili za rangi kila mwezi! Muuza duka alikuwa akimpa chenji huku akimtazama vidole kwa jicho la pembeni.

Utando huo aliulaza juu ya kioo kama ulivyotoka, bila kuhangaika upande upi uko juu. Ndivyo alivyofanya tangu siku ya kwanza. Jani halina kulia wala kushoto, alikuwa akisema. Ulitazame kwa mbele au kwa nyuma, vinywa ni vilevile. Na kweli chini ya hadubini vilionekana vinywa, mamia kwa mamia, kila kimoja na midomo miwili, vingine wazi, vingine vimefumbwa, vimezungukwa na seli zilizobanana kama vigae vya sakafu. Jani linapumulia hapo. Jua likizidi na maji yakipungua, linafumba. Kila mwaka kulikuwa na mwanafunzi mmoja aliyeondoa jicho kwenye hadubini ghafla na kukataa kurudia, na Maganda hakuwahi kumlazimisha. Yeye mwenyewe, akibaki peke yake humo ndani, hakupenda kukaa na mgongo wake ukielekea mimea ya dirishani.

Siku ya somo la ngozi ya binadamu alikuwa na mzaha wake mmoja, wa kila mwaka. Aliwaambia wajikwangue mkono kwa ukucha mpaka vumbi jeupe litoke. "Hilo vumbi ni ninyi," anasema. "Seli zinazaliwa chini, zinasukumwa juu, zinafia njiani. Zikifika juu ni maiti tupu, zimelala tabaka juu ya tabaka, na hao maiti ndio wanaozuia maji na wadudu wasikuingie. Kwa hiyo ukimpa mwenzio mkono, maiti wako wanawasalimia maiti wake." Darasa linacheka. Wachache hawacheki, wanafuta mikono kwenye suruali.

Kisha anamalizia kwa jambo la kweli kabisa. Ukikwaruzwa juu tu, anasema, ngozi inasahau. Lakini wembe ukifika ngozi ya chini, ambako mistari ya vidole ina mizizi yake, kovu linabaki hadi kaburini. Miaka ile Kitinda akisoma pale, hapo darasa zima lilikuwa linageuka kumtazama.

Kitinda alikuwa shemeji yake, mdogo wa mwisho wa mkewe. Kitindamimba, ndipo jina lilipotoka. Mama yao alifariki mtoto ana miaka minne. Dada mtu, aliyekuwa fundi cherehani, akaingia kwenye ndoa akiwa amemshika mdogo wake mkono, na Maganda akawapokea wote wawili kwa mkupuo mmoja. Watoto wao wenyewe hawakujaliwa. Basi Kitinda akawa mdogo, akawa mtoto, akawa kelele ya nyumba. Akiwa kidato cha tatu, mbele ya Maganda, alikuwa akikata bua la mmea kwa wembe ili apate kipande chembamba cha kutazama. Wembe ukateleza, ukamfungua kidole gumba cha kulia. Dada yake alipoona kazi ya hospitali alikasirika kuliko alivyomwonea huruma. "Mishono gani hii? Kwani wanashona gunia?" Kovu likabaki mshazari katikati ya kidole.

Siku ninayoisimulia, Kitinda alikuwa na miaka thelathini na minne, mlinzi wa pampu kwenye bwawa la maji la mji, na alikuwa hajaonekana kwa siku kumi na tisa. Alikwenda zamu, chupa yake ya chai ikakutwa kwenye kibanda, yeye hakukutwa. Dada yake, ambaye Maganda hajawahi kumwita jina lingine ila Fundi, aliacha kupokea kazi za wateja. Alishona shati moja tu, la mdogo wake, la bluu, na hakulitia vifungo. Alisema vifungo atavitia siku akirudi. Shati likatundikwa kwenye msumari wa ukutani, pale chumba cha mbele, likawa linatikisika kila mtu akifungua mlango.

Asubuhi ya siku ya ishirini alikuja afande wa kituoni, aliyekuwa mwanafunzi wa Maganda zamani. Hakuingia. Alimwita mzee nje, karibu na pipa la maji.

"Mwalimu, tumetoa mtu bwawani."

Maganda aliangalia mlango. Cherehani ilikuwa kimya ndani. "Ni yeye?"

"Sura haitambuliki. Maji yamekaa naye. Zimebaki alama za vidole tu, na zenyewe..." Afande akashusha sauti. "Ngozi ya mkono imechomoka, mwalimu. Kama soksi. Ya chini ni laini mno, haishiki wino. Mtaalamu wetu kasafiri, na manispaa wanazika leo saa kumi, mwili hauwezi kukaa zaidi. Nikakumbuka mikono yako."

"Mimi namenya vitunguu, afande."

"Ndiyo maana nimekuja."

Maganda alimwambia mkewe anakwenda shuleni kutazama friji. Uongo mdogo, lakini ulimkaa kooni kama mwiba wa samaki njia nzima.

Mochwari ilikuwa chumba kirefu chenye vigae vyeupe, feni moja, na mhudumu aliyevaa mabuti ya mpira na aliyezoea mahali pale kiasi cha kumenya chungwa mlangoni. Mwili ulikuwa umefunikwa. Mkono tu ndio uliokuwa nje, wa kulia, na Maganda alishukuru kwamba walimwonyesha huo tu. Alichukua koleo lake. Akashika ukingo wa ngozi kwenye kidole gumba, akavuta taratibu, pumzi zimefungwa, kama alivyovuta maelfu ya maganda maishani mwake. Ikatoka nzima. Ikatoka imejigeuza, ndani ikawa nje, kama soksi inavyofanya ukiivua mguu wenye jasho. Aliisuuza kwenye spiriti, akaikausha kwa pamba.

"Wino utashikaje?" afande aliuliza. "Ni kama karatasi tupu, haina kitu ndani."

"Itabidi mtu aivae."

Walitazamana. Mhudumu aliacha chungwa lake. Alileta glavu, lakini zilikuwa kubwa, zinakunjamana nchani, na Maganda hajawahi kufanya kazi asiyoisikia kwa vidole. Akazikataa. Akaivaa ngozi ya mtu yule juu ya kidole chake kikavu, kama ilivyotoka, akaivuta mpaka ikakaa.

Ilimtosha sawasawa. Hilo hakulitegemea. Ilikuwa baridi, na baridi ile haikubaki juu. Iliingia mpaka kwenye kifundo, na kwa muda Maganda alikuwa na kidole ambacho hakujua kama kikiambiwa kijikunje kitamtii yeye au kitamtii mwenyewe aliyelala pale. Afande akakiviringisha kwenye wino, akakikandamiza kwenye kadi. Ikatokea alama safi, mistari yote, na katikati kovu mshazari.

"Kovu," Maganda alisema.

Afande alitoa fomu ya kazi ya Kitinda, yenye alama ya kidole gumba chake, aliyoichukua kwenye idara ya maji, akaziweka kadi na fomu sambamba juu ya meza ya bati. Alitazama kwa lenzi mpaka jasho likamtoka. Halafu akacheka, kicheko cha mtu aliyetuliwa mzigo.

"Siye! Tazama mwenyewe, mwalimu. Kovu la shemeji linatoka juu kulia kwenda chini kushoto. La huyu linatoka juu kushoto kwenda chini kulia. Na mistari imeinamia upande mwingine kabisa. Huyu ni mtu mwingine aliyewahi kujikata. Wangapi wana kovu la kidole gumba hapa mjini?"

Maganda alitazama. Macho yake, yaliyotazama mambo madogo maisha yake yote, yaliona kovu lile lina urefu uleule na mpindo uleule mwishoni. Lakini upande si ule, na aliamini kwa sababu alitaka kuamini. Hilo sitamfichia. Alivua ngozi ile haraka kuliko ilivyompasa, akaitumbukiza kwenye chupa ya spiriti, akanawa mara tatu kwa sabuni. Wino kwenye kidole gumba ulikataa kutoka. Akauacha.

Njia nzima ya kurudi alikuwa mwepesi, anasalimia hata asiowajua. Jambo moja tu lilimsumbua. Alipofungua geti lake, bati lilikuwa limechomwa na jua mpaka linaunguza, vidole vinne viliruka, na kidole gumba hakikusikia chochote.

Alimwambia Fundi kila kitu, isipokuwa kuvaa. Alisema tu aliitwa kupima alama, na siye. Fundi alipiga kigelegele kimoja, akakikatiza katikati akaona haya, maana mtu mwingine ni maiti hata kama si wako. Kisha akalitoa shati la bluu msumarini, akakaa na kopo lake la vifungo.

"Unatia vifungo?"

"Natia. Si umesema siye? Basi yu njiani. Atakuja na uongo wake, nitamtandika kwa rula ya mbao, halafu nitamvalisha." Alikuwa anacheka na machozi yanamtoka, uzi anautia kwenye tundu la sindano bila kukosea. "Na wewe leo una nini, mzee wangu? Mbona umeshika kikombe kama umekiazima?"

"Kidole kimekufa ganzi."

"Lete."

Alimshika mkono, kisha akauachia nusu, akaushika tena.

"Ajabu," alisema. "Umenishika kama anavyonishika Kitinda."

Fundi alikuwa tayari amelowesha kitambaa mate, kama wanavyofanya akina mama wote duniani, anasugua ule wino. Akasugua, akasimama, akainama karibu. Macho ya fundi wa nguo hayapitwi na uzi uliofumuka. Akaingiza ncha ya sindano chini ya ukingo fulani mwembamba kando ya ukucha, akanyanyua.

"Unababuka. Si nilikwambia hayo madawa yako yatakumaliza? Tulia."

Akavuta. Kipande kikatoka, ukubwa wa kifungo cha koti, chembamba, kinapitisha mwanga, kimechafuka wino. Maganda akasikia hewa kwenye kidole chake, na joto la mkono wa mkewe, vyote kwa pamoja. Alielewa nusu yake papo hapo. Alipovua kwa haraka, kitu kilichanika kikabaki. Alitaka kusema kitupe.

Fundi alikwisha kukipeleka dirishani. Alikipapasa kwa kidole hiki na kile, kama anavyopapasa kitambaa cha mteja asiyejua alichonunua.

"Hebu ona ganda lako lilivyo la ajabu. Huku nje laini, na huku ndani, kulikokuwa kumekulalia, ndiko kukavu, kuna mistari ya kweli. Limegeuka. Ingekuwa nguo ningesema umeivaa ndani nje." Akakiinua zaidi kwenye mwanga. "Na hili kovu? Wewe huna kovu hapa."

Mazoea yana taabu. Miaka thelathini na mmoja ya kulaza utando kwenye kioo kama ulivyotoka. Jani halina kulia wala kushoto! Lakini kidole cha mtu kinavyo, na kila mstari wake ukigeuzwa ndani nje, wa kulia unakwenda kushoto na wa kushoto unakwenda kulia. Maganda alikaa chini. Hakukuwa na kiti pale, alikaa sakafuni.

Fundi alikilaza kile kipande juu ya kiganja chake, na kwa ncha ya sindano akakigeuza. Kovu likahama mbele ya macho yake, likalala upande alioujua miaka yote, na mwishoni ule mpindo wa mshono mbaya alioutukana miaka kumi na minane iliyopita.

Maganda alingoja yowe. Halikuja.

"Ulimvaa," Fundi alisema.

"Nilimvaa."

"Alikuwa baridi?"

"Alikuwa baridi, Fundi. Nisamehe. Kovu nililiona nikalitambua, na nikakubali kuambiwa silo."

Hakujibu hilo. Mpaka leo hajalijibu, na Maganda hajamuuliza. Alichukua mabaki ya kitambaa cha bluu alichoshonea shati, akakikunja kile kipande ndani yake mara mbili, akakifumbata. "Wanazika saa ngapi?"

"Saa kumi."

Ilikuwa saa nane na nusu. Alimalizia kifungo cha mwisho amesimama, akakata uzi kwa meno. Akatia shati kwenye mfuko, pamoja na kijiti chake cha mti, kile cha kusukumia pembe za kola zitokeze vizuri.

Mochwarini afande alibisha kidogo, kwa aibu zaidi kuliko kwa hoja. Maganda aliichukua kadi, akaibandika kwenye kioo cha dirisha, uso wake ukitazama nje, wakaisoma kwa nyuma mwanga ukipita. Afande akaweka fomu kando yake. Hakuhitaji lenzi. Akavua kofia.

"Pole, mama," alisema. "Pole, mwalimu."

"Nipeni ile chupa," Fundi akasema.

Mhudumu alitikisa kichwa. "Mama, hairuhusiwi. Na si kitu cha wewe kuona."

"Baba, mimi nimemvika huyu tangu ana miaka minne. Soksi zake zote nimezigeuza mimi. Nipe."

Mhudumu alimwangalia afande, afande akaangalia sakafu. Chupa ikatolewa. Fundi alimwaga spiriti kwenye karai, akaichukua ile ngozi ya kidole, tupu, imejikunja, ina tundu mahali ilipochanika. Maganda aliificha mikono yake mifukoni. Fundi akaingiza kijiti, akasukuma taratibu kutoka nchani, mpaka ndani ikarudi ndani na nje ikarudi nje. Kisha akanyanyua mkono uliokuwa juu ya shuka, akamvika mdogo wake kidole chake, akivuta kidogo huku, kidogo huku, mpaka kikakaa. Akafungua kitambaa cha bluu, akatoa kiraka, akakilaza juu ya tundu na kukipapasa kingo zishike. Mistari ikakutana. Kovu likaungana.

Feni ilikuwa inazunguka. Mhudumu, aliyekula machungwa pale miaka yote, alitoka nje akasimama juani.

"Njoo," Fundi alimwambia mumewe, bila kugeuka. "Mshike mkono, nimpitishe shati."

Maganda akatoa mkono mfukoni, akamshika Kitinda. Safari hii kidole chake kilisikia kila kitu.